Manyanga ya Chande

Chande alizoea kurekodi peke yake, kipande kwa kipande, mafundi wakaunganisha baadaye. Albamu hii alitaka mwenyewe kuimba na bendi kongwe ya jazi, na wazee wale walirekodi wote kwa pamoja, chumba kimoja. Mmoja akikosea, wimbo unaanza upya.

Walikuwa wamerudia mara sita kwa kosa lilelile. Beti zikiisha magitaa huchemka, yakashika kasi yenyewe, na hapo mwimbaji hunyamaza. Chande hakuweza. Kila mara alichomeka jina lake, kama mtu anayebisha hodi nyumbani kwake.

"Mashabiki wananunua sauti yangu, mzee," alisema, akivua hedifoni.

Mzee Lihundi, mpiga solo, hakubishana. Alimtia mkononi manyanga mawili ya vibuyu. "Kwetu mwimbaji akinyamaza hutikisa haya. Ukichomeka tena, bwana mdogo, tunafungasha vyombo."

Manyanga! Yeye, ambaye picha yake ilibandikwa mji mzima!

Mara ya saba, magitaa yakachemka. Jina lilimfika Chande ulimini. Akauma mdomo, akatikisa. Mwanzoni alikwenda upande, akakimbia mbele, akachelewa. Kisha ngoma ikamdaka.

Wimbo ukaisha. Lihundi akalaza gitaa mapajani, mpiga tarumbeta akajifuta midomo, taa nyekundu ya kurekodi ikazimwa. Chande, macho kayafumba, alikuwa bado anatikisa, na wazee wakatazamana, kila mmoja akingoja mwenzake amwambie.

Mpiga besi akashika tena gitaa lake.