Simu Iliyobaki Mezani

Waziri wa Usalama wa Mtandao, Bi. Sikudhani, alipokwenda kuhojiwa kwenye televisheni, aliiacha simu yake mezani, kando ya chupa ya chai. Ndivyo alivyozoea kila anapokwenda kuwazungumzia wezi wa mtandaoni.

Mumewe, Nassibu, alibaki sebuleni akimtazama kwenye televisheni. Nyuma ya kiti cha mkewe alisimama Lukindo, msaidizi wake, suti imemkaa sawasawa. Wivu ukamkaba Nassibu. Huyu ndiye anayepiga simu wakati wa chakula, na Sikudhani hucheka kwanza ndipo ainuke mezani.

Akaivuta simu, akajaribu kuifungua kwa jina lake mwenyewe. Ikakataa. Akaandika la binti yao. Ikakataa. Kisha akaandika: Lukindo.

Ikakataa pia. Nassibu akashusha pumzi, karibu acheke.

"Mheshimiwa," mtangazaji aliuliza, "mtu akiichokonoa simu yako, utamjuaje?"

"Akikosea mara tatu, inampiga picha," alijibu Sikudhani. "Picha inanifikia hapo hapo, na majina yote aliyojaribu, hapa kwenye saa…"

Saa mkononi mwake ilikuwa imewaka.

Nassibu akaitupa simu kwenye kochi kama kaa la moto, kisha akamwona mkewe akisoma, akirudia kusoma. Lukindo akainama nyuma yake, achungulie.

Sikudhani akaifunika saa kwa kiganja, upesi, kama mtu anayemfunika mtoto aliyelala. Kisha akainua uso, akaitazama kamera.