Andazi la Mwisho

Andazi moja la iliki lilibaki kwenye sahani, na mgahawa mzima ukawa unaliangalia.

Torborg, binti yangu, aliliacha makusudi. Mengine aliyafunika jikoni. Chama cha wafanyabiashara kilikuwa kimempendekezea kitabu cha ubunifu na tabia za watu, nacho kilisema: bakisha kimoja, watakigombania. Maandazi yasipouzika leo, aliniambia, anafunga mgahawa.

"Chukua wewe, mchungaji," alisema mzee wa posta.

"Mimi? Aka! Nimeshiba."

Mwongo. Tumbo lake nililisikia kutoka meza ya pili. Lakini hapa mjini kwetu Falun, anayechukua cha mwisho husemwa hadi Krismasi.

Mzee wa posta akalikata nusu, akala upande mmoja. Mwalimu akaikata ile nusu. Mchungaji akaikata ile robo. Kikabaki kipande kama ukucha, chembe moja ya sukari imekishikilia, na hakuna aliyethubutu.

"Mama, nimekosea wapi?" Torborg alininong'oneza, machozi yakimlengalenga.

"Hujakosea wewe. Aliyekiandika hicho kitabu hajawahi kunywa kahawa na sisi."

Nikanyoosha mkono, nikakitia mdomoni mbele ya wote.

"Ee, bibi, huoni haya!" mchungaji akacheka, akahema kama aliyetuliwa mzigo. "Haya basi, Torborg, huko jikoni hakuna mengine?"

Torborg akaleta sinia nzima ya maandazi, yanatoa mvuke. Viti vikaburutwa, foleni ikajipanga.

"Mama, ulijuaje?"

Nilikuwa wa kwanza kwenye foleni, na mdomo umeshajaa.