Nakala ya Tunu

"Usimpe, Tunu! Ukimpa hukumu hiyo umempa kisu awachinje wanao!" Bi Mgeni alipanda kigoda ili achungulie vizuri uani kwa jirani yake.

"Shoga, punguza sauti. Mwenyewe yuko mlangoni."

"Na asikie!"

Saburi alisikia. Mahakama ilipomwamuru awatunze watoto, aliichana nakala yake palepale mbele ya karani, kwa hasira. Leo ndiyo siku ya mwisho ya kukata rufaa Mahakama Kuu, na bila nakala ya hukumu hawampokei. Nyingine ataipata wiki ijayo, isipokuwa Tunu, mtalaka wake, amwazime ya kwake.

Tunu aliikunjua ile karatasi iliyowapa wanawe chakula na ada. Akiificha leo tu, rufaa imekufa.

"Halafu aseme nimemshinda kwa kumfichia? Thubutu! Nataka nimshinde mchana kweupe." Akamgeukia Saburi. "Nitaishika mwenyewe, mikono yako naijua. Tutakwenda wote, ila duka la fotokopi linafunguliwa saa nane. Ingia ule kwanza, wali unapoa."

Ndani, watoto walikwisha kusogeana mkekani kumpa nafasi. Saburi alivua kiatu kimoja, akasita.