Maana ya Abeliana

Nesi wa zahanati ya Iguguno alilipenda jina la mtoto mara tu alipolisikia.

"Abeliana. Sijawahi kuliandika. Maana yake nini?"

"Baba yake anasema ni ua la Ulaya," mama alijibu. Mumewe alirudi na jina hilo kutoka Manyoni, alikokuwa akipeleka mafuta ya alizeti tangu biashara ifunguliwe kwa kila mtu. Hakutaka kusikia jina jingine.

"Na baba anaitwa nani?"

"Abraham."

Nesi akacheka. "Ua gani tena, mama? Mmeunganisha majina kama vijana wa siku hizi. Abe ni baba, Eliana ni wewe." Bila kuuliza zaidi akaandika kwenye kadi, mahali pa jina la mama: Eliana.

Mama aliutazama wino ukikauka. Yeye hakuitwa hivyo. Eliana alikuwa mwanamke aliyempangisha mumewe chumba cha kuwekea madumu kule Manyoni. Ndiye aliyeleta shali ya rangi ya waridi kabla mtoto hajazaliwa.

Mtoto alikuwa amefungwa shali hiyo. Mama akaanza kuifungua. Vidole vidogo vilikuwa vimenasa kwenye nyuzi, akavitoa kimoja kimoja, kisha akamfunika mwanawe kwa khanga aliyojitanda.

Abraham akachungulia mlangoni. "Bado tu? Gari linanisubiri."

Mama akamnyooshea kadi.

"Soma hapo kwenye jina la mama," alisema, "umwambie nesi kama amekosea."