Tone la Ndimu

Tone la maji ya ndimu lilitua juu ya ukucha wa bibi harusi, likabaki palepale kama maji kwenye kijiko.

Mwamini aliliangalia. Miaka kumi na tano anawapaka hina maharusi wa Kibuta, na kucha anazijua, huinuka katikati. Hizi zilikuwa zimebonyea, vidole vyote kumi. Akamvuta bibi harusi, binti wa kaka yake, kope ya chini. Ndani kulikuwa kweupe pe.

 Kucha kama hizi aliwahi kuzipaka mara moja tu, za mdogo wake, kuamkia Idi. Zikapendeza. Hata alipokwenda zahanati, nesi hakuziona kwa hina. Mwezi haukuisha wakamzika. Damu ilikuwa imemwishia mwilini.

"Umeanza lini kuchoka?"

"Tangu Ramadhani. We paka tu, shangazi. Mama akijua ataahirisha."

Nje vigelegele vilipamba moto. Mlango ukafunguka, wifi yake, mama wa bibi harusi, akachungulia.

"Bado tu? Watu wa bwana harusi wameshafika kutoka Kwala."

Mwamini aliufumbata ule mkono wa baridi.

"Ingia, wifi," alisema. "Na mlango ufunge."