Mwisho wa Jasusi wa Kijapani

Tulia alichomoka kwenye upenyo wa mabanzi nyuma ya banda la video, kitenge kakivuta hadi usoni, akatua kwenye tope. Ndani, jasusi wa Kijapani mwenye wigi la pinki ndiyo kwanza alikuwa anafungua mwavuli wake unaotema moto.

Mwisho wa filamu ukampita tena.

"Dada, utanibomolea banda!" Muddy, mwenye banda, alimfuata nyuma akilalamika. "Kila yule mzee wa kofia nyeusi akiingia, wewe unapasua ukuta. Kwani anaitwa nani?"

"Siwezi kulitaja jina lake."

Muddy akapiga mluzi. "Basi huyo ni usalama wa taifa. Maana ukitoka tu, na yeye hakai. Anainamisha kichwa, anaondoka."

"Hata njiani nikimwona najificha kwenye mashamba ya chai ya watu. Nimechoka, Muddy! Nataka kumjua msaliti tu. Ni mpishi au ni bosi?"

"Jumamosi ndiyo mara ya mwisho. Jumapili flashi ya filamu inarudi kwa mwenyewe, Mbeya."

Wiki nzima Tulia aliunguza ndizi jikoni akimuwaza msaliti. Mumewe, Anyitike, akanuna mpaka akachoka kununa.

Jumamosi mchana mvua ilishuka kama kawaida yake Tukuyu. Tulia akafanya alichofundishwa na jasusi: koti la Anyitike, kofia ya sufu, barakoa. Akaingia bandani kwa mwendo wa kidume, akakaa benchi la nyuma. Akatazama huku na huku. Mzee wa kofia nyeusi hakuwepo. Asante Yesu!

Pembeni yake alikaa mama mmoja mnene, kajitanda kanga hadi puani kwa baridi. Mama mcheshi, ila anacheka kwa mabega tu, sauti haitoki. Jambazi alipoteleza kwenye supu ya tambi, wakagongana mabega. Mpishi alipochomoa kisu, mama akamkamata mkono kwa woga. Tulia akakumbuka kwamba leo yeye ni mwanamume, akaukaza.

Kwenye runinga, msaliti akaanza kuvua kinyago. Taratibu. Kidevu kikatokea. Halafu mdomo.

"Ni bosi! Nilisema mimi!" Tulia akaruka juu, akipayuka kwa sauti yake mwenyewe.

Mama akashtuka, kanga ikamdondoka. Chini yake kulikuwa na kofia nyeusi, imebonyea.

Mzee akauachia ule mkono kama kaa la moto, akajiziba macho kwa viganja vyote viwili. "Sijakuona, mke wa Anyitike! Mwiko ni mwiko, baba mkwe wako sijakuona!"

Wakachomoka, mkwe kwenye upenyo, baba mkwe mlangoni, huku kwenye runinga kinyago cha msaliti kikiwa bado kimefika puani.