Majani Sita ya Shomari

Siku hizo kila mfungwa alikuwa na ua lake, nalo lilitunzwa na familia yake sebuleni. Jani jipya lilimpunguzia mwezi mmoja. Ua likifa, harudi tena nyumbani.

Ua la Shomari lilikuwa na majani sita mapana. Mkewe, Tunu, alilimwagilia kila Ijumaa, kikombe kimoja tu. Asubuhi ya ukaguzi alikuta udongo umekuwa tope linalonuka. Aliposhika shina likang'oka lote, na mizizi iliyooza ikachomoka mikononi mwake.

"Mama, umelimwagilia?"

"Kila siku, mkwe wangu," alijibu Bi Zuhura, mama yake Shomari, kutoka jikoni. "Wewe una mkono wa birika. Ungemuua mwanangu kwa kiu."

Hodi ikapigwa. Tunu alilichomeka shina upesi, akalishindilia udongo. Afisa akaingia, akahesabu majani bila kuyagusa.

"Sita, na bado mabichi. Hongereni."

Alipoondoka, Bi Zuhura alitoka jikoni akicheka. "Umeona? Maji hayana ubaya."

Akachukua kopo, akalimwagilia tena. Tunu, mizizi ameifumbata ndani ya kanga yake, hakumzuia.